Teri Weti wa babu yangu: mtu akitekwa miaka mitano halafu akaachiwa, huwa anarudi kweli?

Mjukuu wa Katekista

Mbukwenyi wakuu. Umeme umekatika huku Chamwino, simu ina asilimia 60, ngoja nitiririke mpaka izime.

Mimi ni mtoto wa Mvumi. Babu yangu alikuwa katekista wa Anglikana, na kila Jumapili ikifika zamu ya maombezi alikuwa anafungua daftari lake la mistari anaanza kusoma majina, wagonjwa waliolazwa pale hospitali ya misheni, mama fulani anayekaribia kujifungua, mvua, viongozi wa nchi, halafu mwisho kabisa anataja mtu mmoja anaitwa Teri Weti. Kila Jumapili bila kukosa. Nimeanza kumsikia huyo Weti kabla sijaanza shule, nikajiaminisha ni ndugu yetu yuko Dar kafungwa kwa kesi ya mifugo, maana huko kwetu watu wengi waliokuwa ndani ilikuwa kesi za mifugo.

Nipo darasa la nne, Novemba 1991, jioni, bibi anasonga, baba ametoa mawe ya redio aliyokuwa ameyaanika juani mchana kutwa kwenye bati ili yapate nguvu kidogo, idhaa ya Kiswahili ya BBC inakwaruza kwaruza, mara tunasikia Terry Waite ameachiwa huru Beirut. Babu akasimama. Hakusema kitu, alisimama tu katikati ya ua na kibuyu cha maji mkononi. Mimi nikauliza kwani Weti ni nani, baba akacheka mpaka akakohoa.

Sasa kwa wale wa juzi. Beirut ni mji mkuu wa Lebanoni na vita ya wenyewe kwa wenyewe ilianza pale tarehe 13 Aprili 1975 ikaenda mpaka 1990. Mji ukakatwa vipande viwili, Mashariki kwa Wakristo na Magharibi ambako wengi ni Waislamu, katikati kuna mstari walioupa jina Mstari wa Kijani. Na ukijani wenyewe ni wa kweli, barabara ilikaa miaka mtu hapiti kwa kuogopa wadunguaji, lami ikapasuka, majani na miti ikaota katikati ya mji. Chukulia reli inayokata Dodoma mjini ndo iwe mpaka, ukiwa upande huu dada yako aliyeolewa upande ule unamsikia tu, na ukitaka kuvuka kuna vijana wamesimama na bunduki wanakuomba kitambulisho. Kitambulisho chao kilikuwa kimeandikwa dhehebu la mtu. Umekutana na kizuizi kisicho cha dini yako, umeisha. Siku moja tu Desemba 1975, wanaiita Jumamosi Nyeusi, watu walikuwa wanashushwa kwenye magari wanauawa kwa ajili ya hicho kikaratasi.

Utekaji ulianzia hapo, raia kwa raia. Wazungu wamekuja baadaye sana, kuanzia 1982 ndo wakaanza kubebwa, walimu, waandishi wa habari, mapadri, wanadiplomasia, zaidi ya mia moja kwa miaka kumi. Waliokuwa wanawabeba walijiita majina mengi, maarufu ni Islamic Jihad, wengi wanaihusisha na Hezbollah, kundi la Lebanoni linaloungwa mkono na Irani, na Hezbollah wenyewe wamekuwa wakikana.

Weti yeye hakuwa mwandishi wala mwanajeshi, alikuwa mjumbe wa Askofu Mkuu wa Canterbury, mkuu wa Waanglikana, na ndo maana jina lake lilifika hadi Mvumi. Kazi yake ilikuwa kwenda kuwaombea mateka. Alishawatoa watu Irani, akawatoa Waingereza wanne Libya mwaka 1985. Tarehe 20 Januari 1987 akaambiwa mateka wawili wanaumwa, akapewa ahadi ataonana nao na atarudi salama. Akaenda. Akarudi baada ya siku 1,763.

Nitaendelea, simu inalalamika.

Zabibu Chungu

Siti ya mbele kabisa, nimekuja na karanga. Mkuu malizia usije ukatuacha kama ule uzi wako wa shamba la alizeti.

Area C Original

Beirut si ndo ile bandari ililipuka 2020?

Mjukuu wa Katekista

Ndo hiyo hiyo mkuu, Agosti 4, 2020. Na bandari yenyewe iko pale pale ule mstari ulipokuwa unaanzia.

Umeme umerudi, naendelea. Jamaa huyu ni pande la mtu, karibu mita mbili. Miaka karibu minne ya kwanza alikaa peke yake, kafungwa mnyororo ukutani, na sheria ni moja, ukisikia mlango unafunguliwa unavaa kitambaa usoni, kwa hiyo miaka yote hiyo hakuwahi kuona sura ya mtu anayemletea chakula. Hana kalamu, hana karatasi. Akaandika kitabu kichwani. Yaani anatunga sentensi anaihifadhi, kesho anaongeza nyingine.

Kuwahamisha mateka ndo kulikuwa kiboko. Walikuwa wanawazungushia ile selotepu pana ya kufungia maboksi toka miguuni hadi kichwani kama maiti, anaachiwa tundu la pua, anasukumwa kwenye uvungu waliotengeneza chini ya lori, safari inaanza. Soma hiyo sentensi tena ukiwa umepanda basi la Singida siti ya nyuma juu ya injini, halafu ulalamike joto.

Siku moja akaletewa postikadi. Moja tu kwa miaka yote. Imetoka kwa mama mmoja Uingereza asiyemfahamu, ina picha ya kioo cha kanisani, John Bunyan yuko gerezani anaandika. Anasema alivyoiangalia akawaza, Bunyan wewe una bahati, una dirisha, una kalamu, una nguo zako mwenyewe na umekalia kiti.

Halafu kuna kugonga ukuta. Chumba cha pili walikuwepo mateka wengine, akiwemo Terry Anderson yule mwandishi Mmarekani. Wakawa wanaongea kwa kugonga, A mara moja, B mara mbili, hivyo hivyo mpaka Z mara 26.

Fundi Redio Nzuguni

Subiri kwanza. Nimepiga hesabu hapa dukani wateja wakanisubiri. Kuandika TERRY WAITE tu ni T 20, E 5, R 18, R 18, Y 25, jumla 86, halafu W 23, A 1, I 9, T 20, E 5, ni 58. Jumla 144. Mara mia na arobaini na nne kidole kwenye ukuta ili useme jina lako tu na hapo hujasalimia!! Na ukikosea hesabu ukifika 17 unaanza upya.

Zabibu Chungu

DODOMA ni 52. Nafuu sisi.

Fundi Redio Nzuguni

Watu wa Ng'hong'honha wangekufa bila kumaliza jina la mtaa 😂

Sikubaliani Kamwe

Mnalishwa matango pori. Huyo Waite alikuwa anashirikiana na yule kanali wa Marekani Oliver North, kwenye kile kisa cha kuiuzia Irani silaha kwa siri. Watekaji hawakuwa wajinga, walijua ni jasusi. Mngetafuta habari kamili kabla ya kumlilia mzungu.

Mjukuu wa Katekista

Mkuu hujakosea kote. Kukutana na North walikutana, na hilo ndo lilimponza, kesi ilipolipuka Novemba 1986 kupitia gazeti la hapo hapo Beirut, Ash-Shiraa, kila mtu akaanza kumtilia shaka. Yeye amesema siku zote hakuwa anajua habari za silaha. Watekaji walimpiga nyayo wakitaka aseme anachojua, na walimfikisha hatua ya kumwambia leo unakufa, wakamwekea bunduki kichwani. Kama alijua au hakujua mimi siwezi kumwapia. Lakini alirudi Beirut Januari 1987 wakati tayari kila mtu anamwambia usiende jina limeshachafuka, na hapo ndo huwa nashindwa kumuelewa kama ni ujasiri au ni kiburi. Yeye mwenyewe ameshawahi kukiri kiburi kilikuwepo.

Na hiyo biashara ya silaha kwa mateka ukiitazama ilikuwa hasara tupu. Marekani walipeleka makombora ya kuvunja vifaru Irani kupitia Israeli mwaka 1985, wakatoka mateka watatu mmoja mmoja mpaka Novemba 1986. Mwaka huo huo 1986, Septemba na Oktoba, wakabebwa Wamarekani wengine watatu. Yaani umenunua mbuzi watatu mnadani, kufika nyumbani zizi lina idadi ile ile.

Binti Makulu

Naomba kuuliza mimi nisiyejua siasa. Kilichowatoa ni nini sasa?

Mjukuu wa Katekista

Dada yangu, mambo kadhaa yaligongana. Watekaji walikuwa wanadai wenzao 17 waliofungwa Kuwait kwa milipuko ya 1983. Agosti 1990 Saddam wa Iraki akaivamia Kuwait, magereza yakafunguka, wale jamaa wakaondoka zao bila mtu kulipa chochote. Khomeini, kiongozi wa Irani, alishafariki 1989 na Irani ilikuwa inataka kupumua. Vita ya Lebanoni yenyewe ilishaanza kuzimika baada ya mapatano ya Taif 1989. Kwa hiyo mateka wakawa mzigo, unawalisha na hawauziki.

Hapo akaingia Mwitaliano wa Umoja wa Mataifa, Giandomenico Picco. Anashuka Beirut usiku, anatembea mwenyewe barabarani, gari linasimama, anavutwa ndani anafunikwa kichwa, anapelekwa kuongea na watu asiowaona sura. Alifanya hivyo zaidi ya mara moja, akijua kabisa Weti alikwenda hivyo hivyo na hakurudi. Agosti 1991 wakamtoa John McCarthy, mwandishi Mwingereza, na barua mkononi ya kumpelekea Katibu Mkuu Pérez de Cuéllar. Novemba 18 wakatoka Weti na Sutherland, mkuu wa kitivo cha kilimo pale Chuo Kikuu cha Marekani cha Beirut. Desemba 4 akatoka Anderson, siku 2,454. Wa mwisho ni Wajerumani wawili, Juni 1992.

Mpenzi wa Kikapu

Nichomekee. Rais wa chuo hicho hicho, Malcolm Kerr, alipigwa risasi nje ya ofisi yake Januari 1984. Ndo baba mzazi wa Steve Kerr, kocha wa timu ya kikapu ya Marekani Golden State Warriors. Jamaa alikuwa ana miaka 18 yuko chuo anacheza kikapu. Tuendelee.

Nesi wa Zamu ya Usiku

Habarini za usiku. Nimesoma kimya kimya hadi nikafika hapa, sasa nijibu swali la kwenye kichwa cha uzi maana naona wanaume mmekimbilia makombora.

Kuachiwa ni siku moja. Kurudi kuna watu hawamalizi. Mtaani kwetu Chang'ombe tulikuwa na jirani dereva wa masafa, aliwahi kubebwa na waasi Kongo yeye na lori, siku chache tu, hata wiki mbili hazikufika. Alivyorudi tulimpokea kwa vigelegele, mkewe akachinja. Kuanzia usiku ule hakulala ndani. Alitandika mkeka barazani, mgongo ukutani uso kwenye geti, na mlango wa chumbani ulitakiwa ukae wazi hata baridi ya Julai ile ya Dodoma mnayoijua. Mkewe akitaka kumpelekea chai ilibidi akohoe toka jikoni, akitokea kimya jamaa anaruka na anafunika macho kwa mikono. Anafunika macho, sio kujikinga. Mimi nilikuwa simuelewi kabisa, leo mkuu ulivyosema ile sheria ya kitambaa ndo nimeelewa alikuwa anafanya nini.

Alipelekwa hospitali moja, akapewa dawa ya usingizi akaambiwa apumzike. Basi. Hakuna aliyekaa naye chini amwambie haya anza toka mwanzo, tuambie.

Mjukuu wa Katekista

Dada Nesi umenigusa penyewe. Wale Waingereza hawakupelekwa nyumbani moja kwa moja. Walipelekwa kambi ya jeshi la anga ya Lyneham, kulikuwa na daktari wa akili wa jeshi anaitwa Gordon Turnbull na timu yake, wakakaa nao, wanaongea taratibu, ndugu nao wanaandaliwa. Weti huwa anafananisha na mzamiaji, ukipanda juu haraka toka chini ya bahari damu inakudhuru, unatakiwa upande kidogo kidogo. Na hata alipotoka pale hakurudi kukaa nyumbani kama zamani, alipewa chumba Trinity Hall kule Cambridge aandike kile kitabu alichokibeba kichwani, katikati ya wiki yuko huko peke yake, mwisho wa wiki anaenda kwa mke na watoto. Fikiria umemsubiri mume miaka mitano halafu unampata Jumamosi kwa Jumamosi. Ila naona walikuwa sahihi.

Jambo jingine wengi hawalijui, huyu mzee alishaishi hapa jirani. Miaka ya mwisho ya 60 alikuwa Uganda akimsaidia Askofu Mkuu Erica Sabiti, na mapinduzi ya Amin 1971 yalimkuta huko.

Area C Original

Anderson naye alilipwa mabilioni si ndio?

Mjukuu wa Katekista

Mahakama ya Marekani mwaka 2000 iliamua Irani iwalipe yeye na familia yake dola milioni 341, akapata sehemu tu kutoka kwenye mali za Irani zilizozuiliwa, mamilioni mengi kwa mtu wa kawaida lakini. Mwaka 2009 akatangaza kufilisika. Amefariki Aprili 2024. Binti yake alizaliwa miezi mitatu baada ya yeye kutekwa, amemwona baba kwa mara ya kwanza ana miaka sita. Hapo dola unaziweka wapi sijui.

Kamanda wa Zamani

Salaam wadau. Nimekuwa Naqoura kusini mwa Lebanoni na polisi jeshi wetu chini ya Umoja wa Mataifa, kwa hiyo Beirut nimefika kwa macho haya. Siku za mapumziko tulikuwa tunapelekwa.

Kuna jengo la rangi ya njano pale kona ya Sodeco, juu ya ule mstari wa zamani. Wadunguaji walilikalia miaka mingi, ukiingia unaona ukuta wa ndani wameutoboa tundu la kupitisha mtutu, ukichungulia unaona barabara nzima mpaka mwisho. Nilichungulia nikatoa kichwa haraka, sio kwa woga, mwili tu ulikataa. Makumbusho ya taifa nayo yalikuwa pale pale mpakani, kivuko kikaitwa Kivuko cha Makumbusho. Mkurugenzi wao Maurice Chehab aliyajengea masanamu makubwa na majeneza ya mawe zege kuyazunguka ili yasivunjwe, yakakaa ndani ya zege vita nzima. Kuna picha ya vipande vya mawe ya Mchungaji Mwema, kona ya chini ina tundu la mdunguaji. Wameliacha hawajaliziba.

Lakini kilichonikaa sio hivyo. Nje ya jengo la Umoja wa Mataifa katikati ya mji, kwenye bustani, kulikuwa na hema. Hema la kawaida. Ndani kina mama wazee wamekaa kwenye viti vya plastiki, na picha zimebandikwa kila mahali, vijana, nywele za afro, kola za shati zile pana za zamani, masharubu. Nikamuuliza mkalimani hawa ni nani, akasema wana wao, wamebebwa miaka ile. Mama mmoja alinishika mkono kwa sababu ya kofia ya bluu akaanza kunieleza kwa Kiarabu, sikuelewa neno hata moja ila nilikaa nikasikiliza mpaka akamaliza, ningeondokaje.

Mjukuu wa Katekista

Kamanda, asante, ndo nilikuwa naelekea huko na nilikuwa nachelewa makusudi.

Hesabu inayotajwa sana ya Walebanoni waliopotea ni 17,000. Wazungu mia na kitu, tunajua majina yao na siku zao moja moja, 1,763, 2,454. Wale 17,000 nani aliwahesabia siku? Kuna mwalimu anaitwa Wadad Halawani, mumewe alichukuliwa Septemba 1982 akiwa nyumbani, akaambiwa ni dakika tano tu za mahojiano. Akatoa tangazo redioni kwamba mwenye shida kama yangu tukutane, akidhani watakuja wawili watatu, wakaja wanawake mamia. Toka hapo wamekuwa pamoja. Vita ilipoisha, mwaka 1991 bunge likapitisha msamaha kwa makosa ya vita, wale waliowabeba vijana wengine wakawa waheshimiwa. Sheria ya kuwatafuta waliopotea imepita 2018. 2018! Miaka 36 baada ya dakika tano.

Na wengine hurudi mifupa. Msosholojia wa Kifaransa Michel Seurat alibebwa 1985, akafia mikononi mwao, mwili wake ukapatikana 2005.

Binti Makulu

Sisi pia tulikuwa na vijana wetu wawili waliokwenda Israeli kujifunza kilimo, wakakumbwa na shambulio la Hamas la Oktoba 2023. Mwili wa mmoja umekaa Gaza mpaka Novemba 2025. Mama yangu alikuwa anamuulizia kila taarifa ya habari kama anamjua.

Sikubaliani Kamwe

Hapo kwenye kina mama nimenyamaza. Ila kuna kitu kimoja, kitambulisho chetu cha NIDA hakina dini, tushukuru. Na utekaji wa hapa nyumbani mbona hamsemi?

Zabibu Chungu

Mkuu hilo lina nyuzi zake na lina watu wake wanaolia, humu tusichanganye modi akaja kufunga. Mwenye uzi, babu aliacha kumwombea lini Weti? Maana umemwacha kasimama na kibuyu.

Mjukuu wa Katekista

Hahaa kweli nimemwacha.

Babu amefariki 2003. Tulipomaliza matanga nikapewa kazi ya kupanga vitabu vyake, nikalikuta daftari. Kurasa zimekuwa kama chapati. Utaratibu wake ulikuwa huu, mtu akipona au akifariki anamkata kwa bairo, mstari mmoja umenyooka kwa rula, pembeni tarehe. Majina yote yamekatwa hivyo. Nikatafuta Weti. Kakatwa kwa penseli. Tarehe imeandikwa, Novemba 1991, lakini penseli, na mstari hauna rula.

Baba anasema ni kwa sababu bairo iliisha wino. Huenda.

Mzee Weti 2012 alirudi Beirut, akakaa meza moja na watu wa Hezbollah, akawaomba wasaidie wakimbizi wa Syria. Hakuomba fidia. Mimi nisingeenda, nisiwadanganye.

Nesi wa Zamu ya Usiku

Yule jirani yangu alihamia Manyoni. Kesho namtafuta mkewe kwa simu.

Fundi Redio Nzuguni

Mjukuu, kwa niaba ya wote: 1, 19, 1, 14, 20, 5.

Mjukuu wa Katekista

Nimegonga zote sitini mezani kwa kidole kuhakikisha, mke wangu katoka chumbani anauliza kuna nini.